Mtani Hatoki kwa Ahadi

Mwalimu wa zamu aliniuliza udongo ulio kwenye nywele zangu umetoka wapi. Nikamjibu, "Kaburini, mwalimu." Wenzangu wakaangua kicheko, yeye hakucheka, na ndiyo maana wiki hii yote kidato cha sita kinajisomea maktaba na mimi nafyeka nyasi nyuma ya bweni kwa panga butu ambalo hata ndizi mbivu lingeiomba ruhusa. Kinachoniuma ni kwamba siku zote nilizosema uongo hapa shuleni nilipona. Nimeadhibiwa siku niliyosema kweli tupu. Nilitoka kaburini. Jumamosi tulimzika Mzee Ramadhani Mihayo, mchimbaji wa mika, yale madini yanayometameta kama kioo, mwenyekiti wa kamati ya wafanyakazi, baadaye mshtakiwa, baadaye mfungwa, na siku zote mtani wangu. Kuna watu wakifiwa hukaa wakatulia. Mimi miguu haikubali. Nafyeka kidogo, nasimama, nakaa juu ya jiwe, nasimama tena. Najua mtu wa miaka kumi na tisa akisema "enzi zile" watu wazima hushika mbavu. Washike. Mimi nina mwaka mmoja tu unaostahili kuitwa enzi, nao ni ule nilipokuwa kidato cha tatu na Mzee Mihayo akaja kukaa kwetu Kariakoo kusubiri kesi.

Alikuja na sanduku la bati, kofia ya kazi iliyopasuka ukingo, na karatasi ya dhamana iliyosema asitoke nje ya Dar es Salaam mpaka kesi iishe. Kesi yenyewe ilianzia huko huko milimani Morogoro, karibu na mgodi, lakini kila ilipotajwa wachimbaji waliacha kazi, wakashuka, wakakaa chini ya madirisha ya mahakama. Hawakusema kitu, walikohoa tu. Wakubwa wakaona afadhali kikohozi kibaki huko na mshtakiwa aletwe mjini. Zamani, kabla hajaingia mgodini, aliwahi kuwa kuli bandarini na kupanga chumba kwa Bibi yangu, Bi Tatu. Kwa hiyo alipoulizwa anakaa wapi Dar, alitaja nyumba yetu bila kutuuliza. Habari ilipofika, Bibi alisema, "Mnyamwezi huyo, hata jela anataka kupitia kwangu." Kisha akachukua ufagio akaenda kufagia chumba cha mwisho, kile kilichopakana na jiko la uani, ambacho mpangaji wake hujua tunapika nini kabla yetu wenyewe.

Mimi ndiye niliyemfungulia mlango. Alikuwa mrefu, amepinda kidogo shingoni kama watu wanaofanya kazi penye dari fupi, na kwenye mikunjo ya ngozi yake kulikuwa na kitu kinachometameta, kana kwamba amejipaka magamba ya samaki.

"Shikamoo."

"Marahaba. Kabila gani wewe?"

"Mzaramo."

Akaliachia sanduku, nusura linivunje vidole. "Basi beba."

"Beba mwenyewe. Si ndiyo kazi mliyoachiwa na babu zenu, kubeba mizigo ya watu toka bara mpaka pwani?"

Akacheka mpaka akakohoa, akakohoa mpaka akashika mlango. "Bi Tatu!" akaita. "Huyu mjukuu wako nimekuja kumwoa au kumuuza?" Hapo tukajuana. Wazaramo na Wanyamwezi ni watani tangu enzi za misafara, na mtani ana haki zake: atakutukana usikasirike, atakula chakula chako hujamkaribisha, atakuvua kofia hadharani akaivaa yeye. Lakini ana kazi pia. Mkifiwa, ndiye atakayekuja kuwachekesha mkiwa na machozi, na maiti akifikishwa makaburini, mtani ana haki ya kuingia kaburini akalala humo, akakataa kutoka mpaka apewe fidia. Vijana wa leo wanaona ni vichekesho tu. Mimi nilikuwa naona hivyo hivyo, na kwa kuwa vichekesho ndiyo somo pekee nililokuwa naongoza darasani, nilijihesabu bingwa.

Kisa chake nilikisikia kwa vipande, wakati wa kula. Mwaka ule tulikuwa tunakula ugali wa unga wa njano, ule uliokuja kwa meli, na sukari ilikuwa ya kupangiwa foleni. Bibi aliweka sinia katikati ya mkeka uani, mchicha wa nazi pembeni, dagaa wakiwapo, na Mzee Mihayo alikula kwa haraka akiwa amechuchumaa, hajawahi kukaa chini sawasawa hata siku moja. Alisema mgodi wao ulikuwa umechoka. Nguzo za miti zinazoshikilia dari zilikuwa zimeoza, ukizigonga zinajibu kama ngoma iliyolowa. Kamati ilisema, uongozi ukajibu fungu la nguzo litafikiriwa. Siku moja dari likashuka upande wa mashariki, likamuua Kobelo, Mluguru, mtu aliyekuwa akifanya kazi na Mzee Mihayo bega kwa bega. Waluguru nao ni watani wa Wanyamwezi.

"Meneja akaja mazikoni na gari la mgodi," alisema, akimega tonge. "Kavaa suti nzuri. Kaandaa hotuba. Watu wakamleta Kobelo, mimi nikashuka kaburini, nikalala."

"Ukadai nini?" nikamuuliza. "Kuku?"

"Nguzo."

"Nguzo ngapi?"

"Za mgodi mzima."

Bibi aliacha kutafuna. Waluguru, alisema Mzee, walipiga vigelegele wakacheka, kwa sababu hawajawahi kusikia fidia kubwa namna ile. Meneja hakucheka. Alikuwa mtu wa kutoka mbali, kwao hakuna utani wa aina ile, na machoni pake yeye kulikuwa na mwenyekiti wa wafanyakazi amelala ndani ya shimo anatoa masharti, na wafanyakazi mia na kidogo wamekaa chini kulizunguka gari lake. Akasema, "Mtoeni." Hakuna aliyesogea. Mtani hatolewi, hukombolewa. Jua likazunguka, likaanza kulala. Mwishowe Meneja akasimama ukingoni akasema mbele ya watu wote, "Toka, bwana. Nguzo zitakuja kesho." Mzee akatoka, Kobelo akazikwa. Kesho yake likaja lori, na watu wakatoka mbio kwenda kupokea nguzo. Wakashuka askari. Wachimbaji wakagoma kuingia mgodini, na Mzee Mihayo akashtakiwa kwa makosa mawili: kumzuia Meneja kinyume cha sheria, na kuchochea mgomo usio halali.

Sijawahi kuona mtu anayeshindwa kukaa kama yule. Asubuhi kabla sijavaa kaptula ya shule alikwisha kuzunguka Msimbazi mpaka mtoni na kurudi. Nikitoka shule namkuta Kariakoo amesimama katikati ya wachukuzi na mikokoteni, watu wanampigia kelele "Pisha, mzee! Pisha!" na yeye anatazama juu. Mtu aliyeishi chini ya ardhi, nilifikiri, labda anashangaa mawingu. Kumbe alikuwa anatazama paa za maduka, anakagua nini kinashikilia nini. Soko jipya lilikuwa limekwisha kujengwa, lile lenye ghorofa moja chini ya ardhi, na siku moja akaniambia nimpeleke huko chini. Tukashuka. Kulikuwa na harufu ya vitunguu na magunia, wafanyabiashara wanapigana vikumbo, na zile nguzo za zege zimesimama nene kama mibuyu. Akaiendea moja. Akaigonga kwa kifundo cha kidole, akaweka sikio. Muuza nyanya mmoja akamwambia, "Mzee, hiyo haiuzwi."

Mzee alizunguka nguzo ile, akaigonga upande wa pili. Kisha akaniambia kwa sauti ya chini, kama anayenisengenyea mtu, "Nyanya zimewekewa nguzo, Shomari. Nyanya."

Nilicheka. Nilikuwa nacheka kila kitu. Wiki hiyo hiyo alinipa gamba la mika ukubwa wa kiganja, jembamba, linaonyesha ng'ambo kama kioo, nami nikaenda nalo darasani kuchezesha jua kwenye kipara cha mwalimu wa siasa akitufundisha wajibu wa mfanyakazi. Mwanga ukapanda kiparani, ukashuka puani, darasa likafa kwa kicheko. Mwalimu akaninyang'anya lile gamba, akalitazama. "Nini hiki?" Nikamwambia ni mika, inatoka mgodini, ndiyo wanayoweka ndani ya pasi za umeme. "Ina kazi gani kwako?" Nikasema, "Ilimwangukia mtu, mwalimu." Akanirudishia. Sijui kwa nini nilisema vile, Kobelo sikumjua. Nilirudi kwenye dawati langu na mguu wangu mmoja ukawa unatikisika chini ya meza mpaka kengele ikalia.

Kilichotuokoa sote na kule kuzurura kwake kilikuwa choo. Choo chetu cha uani kilikuwa kimejaa, Bibi anatafuta mchimbaji, na mchimbaji anakula ugali wake kila siku. Mzee Mihayo akavua shati akaanza. Lo! Nyumba ikapata uhai. Watoto wa jirani wakajaa ukutani kutazama. Balozi wetu wa nyumba kumi, Mzee Pazi, mtu mwoga mwenye sauti kubwa, akaja na kofia yake mkononi.

"Bi Tatu, nasikia mshtakiwa anachimba."

"Anachimba choo, Balozi."

"Choo kinaelekea wapi?"

"Kinaelekea chini! Vyoo vyenu huko vinaelekea wapi?"

Balozi akachungulia, akahakikisha shimo halina kona, akaondoka akisema yeye hajaona kitu. Mimi nilikuwa msaidizi, nahudumia ndoo na matusi. Mchanga wa Dar hauna adabu. Unachimba huku unamwagika kule. Mzee akamtuma Bibi anunue boriti, zile za mikoko zinazouzwa kando ya barabara kwa wajenzi, akazikata, akazikaza kulalia kuta za shimo, moja baada ya nyingine. Akanishusha nijifunze. "Usiipige kwa hasira," alisema. "Ikaze kidogo, uigonge, usikilize. Ikiwa inalia wazi, haijashika. Ikiwa imenyamaza, imebeba." Nikakaza moja, nikaigonga, nikasema imebeba. Akaigonga yeye. "Imebeba uzembe wa Kizaramo. Rudia." Nilirudia mpaka ikanyamaza. Bibi akachungulia kutoka juu, kanga kichwani. "Choo cha nani Kariakoo hii kina nguzo?" Siku maji yalipotokea chini ya miguu yake, mapema kuliko alivyotegemea, Mzee alisimama akayatazama yakimfika kwenye vifundo. "Miaka yote nachimba sijafika mwisho," alisema. "Kwenu nyie mwisho uko hapa tu." Akapanda juu, na kesho yake akaanza tena kuzurura.

Wakili alikuwa kijana wa Kilimanjaro, Bwana Temba, shati jeupe, tai, maneno machache. Alikuwa anakuja jioni kuongea na mteja wake uani, anakaa kwenye kigoda magoti yakimfika kidevuni, Bibi anamlazimisha kula. Jioni moja alikuja amekata tamaa. Alisema Meneja ataapa kwamba alizuiliwa na kundi la watu kwa amri ya mtu aliyekuwa ndani ya shimo. Alisema ni vigumu kueleza kwa nini mtu mzima ajilaze kaburini.

"Si ni utani!" nikadakia.

"Huu si wakati wa mzaha," alisema Temba.

"Nani anafanya mzaha? Nasema alikuwa mtani. Kwani hukuambiwa? Kila mtani anaingia kaburini." Nikamtazama Mzee. "Mzee, hujamwambia?"

Mzee Mihayo akasema alidhani kila mtu anajua. Temba alidhani ni uasi, Meneja alidhani ni uasi, polisi waliandika uasi, na aliyelala kaburini hakuwahi kuwaeleza chochote, kama ambavyo wewe huwezi kumweleza mtu kwa nini unavua viatu msikitini. Temba akaweka tonge chini. Kwao hawana utani na sisi, alikuwa hajawahi kuona kitu kile, na sasa ananiuliza mimi, mtoto wa kidato cha tatu, maswali ya haraka haraka: Je, ni mila inayojulikana? Je, anayeingia hutukanwa, hupigwa, hushtakiwa? Nikajibu kama profesa. Nilijiona nimekwisha kumtoa Mzee jela kwa mdomo wangu. "Basi tumepona," alisema Temba. "Ilikuwa utani tu." Bibi akapiga kigelegele. Ni Mzee Mihayo peke yake aliyesimama, akaenda ukingoni mwa choo chake, akaanza kugonga boriti moja moja.

Siku ya Bibi kutoa ushahidi alivaa kanga mpya na kujipaka hina, kama anaenda harusini. Mimi nilitoroka shule. Chumba cha mahakama kilikuwa kidogo, feni inazunguka kwa uvivu, Meneja amekaa mbele na bahasha magotini, hatazami pembeni. Temba akamuuliza Bibi kama anamfahamu mshtakiwa.

"Namfahamu. Huyu punda wangu."

Hakimu, mtu wa makamo mwenye miwani, akainua kichwa. "Mama, hapa ni mahakamani."

"Najua, mwanangu, ndiyo maana nimesema punda. Kule uani namwita vingine."

Watu wakacheka, karani akapiga meza. Mwendesha mashtaka akasimama akamuuliza kama mtani anaruhusiwa kumzuia mtu mzima asiende zake. Bibi akamwambia mtani hamzuii mtu, anamzuia maiti; aliye hai akitaka kwenda, si alipe? Hakimu mwenyewe ndiye aliyeuliza swali la mwisho, na nakumbuka alivua miwani kuliuliza. "Na mtani akitolewa bila kulipwa?"

"Basi huyo maiti hajazikwa," alisema Bibi. "Amefukiwa."

Hakimu akamgeukia Mzee Mihayo, akaongea naye taratibu, kwa wema, na wema ule ndio uliotumaliza. Akasema mahakama imeelewa kuhusu Meneja, na kosa lile la kwanza linaelekea kufutika. Lililobaki ni mgomo. "Sasa nisikilize vizuri. Ikiwa yale yalikuwa utani wa msibani, basi na hayo madai ya nguzo yalikuwa maneno ya msibani, yamekwisha na msiba. Hayakuwa madai ya wafanyakazi wala sababu ya kugoma. Ukikubali hivyo, kazi yangu inakuwa nyepesi. Unakubali?"

Temba alikuwa anaitikia kwa kichwa kwa niaba yake. Mimi nilikuwa nusu nimesimama kwenye benchi, namwonyesha kwa midomo: kubali, kubali, kubali. Mzee Mihayo alishika ule ukuta mdogo wa mbao wa kizimbani, na nikaona kidole chake kinaugonga, polepole, akisikiliza.

"Mheshimiwa," alisema, "ulikuwa utani. Kobelo alikuwa mtani wangu na sikumkosea. Lakini fidia haiishi na msiba. Inaisha ikilipwa. Nguzo hazijaja, na wenzangu wako chini ya dari lile lile. Nikisema yamekwisha, nitakuwa nimemfukia Kobelo tena kwa mkono wangu."

Alipewa miaka miwili. Nje, wakati wanampandisha karandinga, nilisukuma watu mpaka nikafika karibu, na hasira iliyokuwa imenijaa haikutafuta adabu. "Mnyamwezi mjinga wewe!" nikamfokea. "Tumekufungulia mlango, unasimama kuuliza nguzo za mlango!" Askari akataka kunipiga kofi. Mzee akamwambia, "Mwache, mtani wangu huyo." Kisha akaniinamia, pingu zikagongana.

"Sikiliza, Mzaramo. Sikukosea kuingia kaburini. Nilikosea kutoka. Mtani hatoki kwa ahadi."

Na mlango ulipokuwa unafungwa akapaza sauti, "Na kile choo kisijae kabla sijarudi!"

Nimekaa na hasira ile muda mrefu. Nilifaulu mitihani nikiwa nayo, nikaja nayo huku bweni, nikaigeuza vichekesho na kuwasimulia wenzangu kisa cha mzee aliyependa magogo kuliko uhuru wake. Walicheka sana. Nilikisimulia mara nyingi hivi kwamba nikaanza kuona tundu ndani yake, pale watu wanapocheka mimi nasikia kidole kinagonga mbao. Alipotoka jela alirudi chumba kile kile karibu na jiko, amekuwa mwembamba, kifua kimejaa vumbi la mika, na amri ya kutokanyaga mgodini. Likizo nilimkuta amekaa. Hilo ndilo lililonitisha: amekaa, kwenye kigoda, mgongo ukutani. Kila mgeni aliyetoka Morogoro alimuuliza jambo moja, na wageni wote walisema hawajui, labda, wanasikia sikia. Ijumaa iliyopita mkuu wa shule akaniita kunipa ruhusa ya msiba.

Bibi aliniita chumbani kabla jeneza halijatoka. Wanawake kwetu hawaendi makaburini. Hakulia mbele yangu, alinishika kola ya shati akasema, "Wewe ndiye mtani wake. Unajua kazi yako." Nikamwambia najua. Sikujua. Nilifikiri nitashuka, nitatoa maneno mawili ya kuwachekesha watu, nipewe hela ya soda, nipande. Tukavuka kwenda makaburini upande wa Ilala, Shehe mbele, Balozi Pazi, Bwana Temba na tai yake ileile nyuma kabisa kama mtu aliyekosea nyumba, na vijana wachache wa mgodini waliosafiri usiku kucha kwa lori. Jeneza likawekwa chini. Nikavua viatu, nikashuka, nikalala chali.

"Sitoki!" nikasema. "Nataka fidia! Mnyamwezi huyu amekula ugali wetu bure!"

Watu wakacheka, wengine machozi yakiwatoka. Balozi akarusha hela, ikanidondokea kifuani. Nikairusha juu. Nilikuwa nimeandaa mzaha wa pili, lakini badala yake nikajisikia nauliza, "Nyinyi wa mgodini. Nguzo zilikuja?"

Vijana wakatazamana. Mmoja akachuchumaa ukingoni. "Zilikuja, ndugu. Baada ya yeye kufungwa."

"Zote?"

"Upande wa mashariki tu. Magharibi bado. Wanasema mwakani."

Kutoka mle ndani mbingu ni ndogo, mstatili mmoja wa buluu wenye vichwa vya watu pembeni. Nilikuwa naitazama wakati ukuta wa upande wa kulia ulipoachia. Mchanga kidogo tu, konzi mbili, tatu, ukanimwagikia usoni, mdomoni, kwenye nywele. Hakuna aliyecheka, hata mimi. Nilitaka kuruka, miguu yangu hii isiyotulia ilitaka kuruka kuliko kitu chochote, na nikailaza.

"Mtoeni kijana huyo!" alisema Shehe. "Dini haina mambo haya. Kaburi linabomoka!"

"Shehe, huyo ni mtani," alisema Balozi Pazi, na sijawahi kumsikia akipingana na mtu yeyote.

Bwana Temba akasogea, akainama. "Shomari, toka. Hayo ya upande wa magharibi nitayashughulikia mimi. Nitaandika. Nakuahidi."

Mchanga ukamwagika tena, sikioni. Nikasema, "Kwa ahadi sitoki."

Kichwa chake kikatoka kwenye ule mstatili wa mbingu. Nikasikia Shehe ananong'ona, watu wanakohoa, nikasikia gari barabarani. Nilidhani ameudhika, ameondoka. Kisha watu wakaanza kunong'ona kwa namna nyingine, wakasogea kando, na nikamwona wakili, mtu wa Kilimanjaro asiye na utani na sisi hata wa kuombea kiberiti, anakuja kati ya makaburi na boriti begani, ile ya kando ya barabara, mbichi, matope ya mikoko yamempaka shati lote jeupe, tai imegeukia mgongoni. Akapiga magoti ukingoni. Akaishusha kwa mikono miwili.

"Pokea," alisema.

Nikaipokea. Nikailaza kwenye ule ukuta unaomwagika, nikakaza ncha zake mbili kwenye kuta za kichwani na miguuni kama nilivyofundishwa chooni. Nikaigonga kwa kifundo cha kidole. Ikalia wazi. Nikaikaza tena, bila hasira, nikaigonga, nikaweka sikio. Ikanyamaza. Mchanga ukasimama.

Ndipo nikapanda juu, nikawaambia, "Haya. Mleteni."